Mtu mmoja, kiwanda kizima: kisa cha John Kani

Mtu anaingia jukwaani amevaa koti jeupe la kazi. Anakaa kitini, anafungua gazeti, anaanza kulisoma kwa sauti. Kila habari anaiongezea neno lake, kama wafanyavyo wazee wa barazani asubuhi kahawa ikipita. Watu wanacheka. Wapo wanaosubiri mchezo uanze, kumbe umeshaanza. Kisha jicho lake linatua kwenye habari ya kiwanda cha magari, naye anakumbuka zamani zake alipokuwa kibarua wa Ford. Gazeti linawekwa kando. Kuanzia hapo, kwa muda mrefu, hakuna mwingine anayeingia, lakini jukwaa linajaa: msimamizi Mzungu anayehangaika huku na huku, vibarua wanaofagia, mashine zinazonguruma, na bwana mkubwa kutoka Marekani aliyekuja kutazama mali yake. Wote hao ni mtu mmoja.

Mtu huyo alikuwa John Kani. Ukumbi uliitwa The Space, mjini Cape Town, na mchezo ulifunguliwa tarehe 8 Oktoba 1972. Jina lake Sizwe Banzi Is Dead, yaani Sizwe Banzi amekufa.

Tangu hapo Kani amekuwa Othello, amekuwa Caliban, wote wa Shakespeare, mfungwa wa kisiwani, mkutubi, muuguzi, mfalme wa Wakanda, nchi ya kubuni ya sinema, na sauti ya nyani mwenye jina la Kiswahili. Zaidi ya nusu karne imepita na bado yuko kazini. Tukikutana na mwigizaji wa namna hii huwa tunasema ana kipaji, na mazungumzo yanaishia hapo. Mimi naona tunamaliza mapema mno. Vipaji vilikuwa vingi katika mitaa ya Afrika Kusini ya miaka ile, na vingi vilizimwa. Ninachotaka kuonyesha katika kisa hiki ni kwamba uwezo wa Kani wa kuwavaa watu wengi ulifinyangwa na kunyimwa. Alinyimwa ukumbi, maleba, maandishi, hata jina la kazi aliyokuwa akiifanya. Mengi tuliyomwona akifanya baadaye ni mtaji ule ule wa 1972 akiutumia kidogo kidogo.

Shimo la nyoka

Kani alizaliwa mwanzoni mwa miaka ya 1940 New Brighton, mtaa wa Waafrika pembeni mwa Port Elizabeth, jiji ambalo sasa linaitwa Gqeberha. Lugha ya nyumbani ni Kixhosa. Uchumi wa mji ulikuwa wa magari, na kijana aliyemaliza shule aliona mbele yake lango la kiwanda kabla hajaona kitu kingine. Kani naye alilipita lango hilo, akaajiriwa Ford.

Mwaka 1965 alijiunga na kikundi kilichoitwa Serpent Players. Jina hilo la nyoka lilitokana na mahali walipoanzia kuigiza, shimo la zamani la kufugia nyoka. Walikuwa watu wa kawaida: walimu, makarani, vibarua, watumishi wa majumbani. Walikuwa wamemwendea mwandishi Mzungu wa mji ule ule, Athol Fugard, wakamwomba awaongoze. Mazoezi yalikuwa jioni baada ya kazi, mtu amechoka, na askari wa usalama walijua njia ya kufika.

Kani alipoingia, kikundi kilikuwa kikiandaa Antigone, tamthilia ya Wagiriki wa kale juu ya msichana anayemzika kaka yake kinyume cha amri ya mfalme. Mmoja wa waigizaji alikamatwa na kupelekwa Robben Island. Huko gerezani akaikumbuka tamthilia kwa kichwa na kuicheza mbele ya wafungwa wenzake. Habari zake zilipofika nje ndizo zilizozaa mchezo wa pili mkubwa wa Kani, The Island, wa mwaka 1973: wafungwa wawili wanaopiga mawe kutwa, na usiku seluni wanafanya mazoezi ya Antigone kwa nguo za kuokoteza.

Mfungwa wa pili katika mchezo huo, kama ilivyokuwa katika Sizwe Banzi, alichezwa na Winston Ntshona, aliyesoma na Kani sekondari moja pale New Brighton. Nitamrudia, kwa sababu bila yeye kisa hiki hakieleweki.

Kipande

Kwa msomaji wa Kenya neno hili halihitaji maelezo marefu. Babu zetu walivaa kipande shingoni ndani ya kikasha cha bati, na asiyekuwa nacho alilala ndani. Afrika Kusini iliunganisha hati zake za namna hiyo kwa sheria ya mwaka 1952: kitabu chenye picha, namba, mihuri ya ruhusa, na saini ya mwajiri kila mwezi. Mwafrika alikuwa na haki ya kuishi mjini ikiwa amezaliwa hapo na kukaa mfululizo, au amefanya kazi kwa mwajiri mmoja miaka 10, au amekaa kihalali miaka 15. Mwingine yeyote, saa 72 zikipita bila ruhusa, ni mhalifu.

Katika orodha ya kazi zilizotambuliwa kwa Waafrika, uigizaji haukuwemo. Kani na Ntshona walipoacha ajira zao ili waigize muda wote, iliwabidi waandikishwe kuwa watumishi wa nyumbani wa Fugard. Fikiria hilo kidogo. Kabla hajafungua mdomo jukwaani, Kani alikuwa tayari anaigiza mtu mwingine kwenye karatasi za serikali, na adhabu ya kuigiza vibaya ilikuwa kifungo.

Kanuni za mwaka 1965 zilikataza pia Wazungu na Waafrika kuigiza pamoja au kukaa pamoja katika hadhira bila kibali. The Space ilipita pembeni ya kanuni hizo kwa kujiita klabu ya wanachama. Maandishi nayo yalikuwa hatari, kwa sababu hati ya mchezo ni ushahidi mahakamani. Kwa hiyo Sizwe Banzi haukuandikwa kwanza. Ulijengwa na watu watatu chumbani: Fugard akiuliza na kupanga, Kani na Ntshona wakijibu kwa miili yao na kumbukumbu zao. Mwanzo ulikuwa picha tu, picha ya studio ambayo Fugard aliiona: mwanamume aliyevaa suti, mkono mmoja kashika sigara, mkono wa pili kiko, anatabasamu kwa furaha isiyo na kifani. Swali lao lilikuwa, nini kimemfurahisha mtu huyu kiasi hiki katika nchi hii? Maneno yaliandikwa baadaye, na kitabu kilitoka mwaka 1974, majina matatu yakiwa juu yake.

Ndiyo maana hakuna mandhari ya kusema. Meza, kiti, kamera. Maleba yanatosha kwenye mkoba. Kila kitu kingine kinatoka kooni na mabegani.

Kibarua anayemtafsiri bwana

Nirudi kwenye lile gazeti, maana hapo ndipo fani yote ilipo.

Kani anacheza mpiga picha aitwaye Styles. Anasimulia siku Henry Ford wa pili alipotembelea kiwanda. Msimamizi anaamuru sakafu isuguliwe, mistari ipakwe rangi upya, vibarua wapewe sabuni na mavazi mapya ya kazi. Kisha anamwita Styles awatafsirie wenzake: waambieni hii ni siku kubwa maishani mwenu, fanyeni kazi kwa furaha, imbeni. Styles anatafsiri. Lakini anachowaambia wenzake kimepinda kidogo, cha kutosha kuwachekesha vibarua bila bwana kujua kinachochekwa. Wenzake wanauliza, yeye anapeleka maswali juu yakiwa yamelainishwa. Halafu Ford mwenyewe anaingia kwa hatua za haraka, anatoka, amekwisha. Baada ya maandalizi yote yale hakumwangalia mtu. Na siku hiyo vibarua wanafanya kazi maradufu kufidia muda uliopotea.

Sisi tuliokua na hadithi za jioni tunaijua fani hii bila kufundishwa. Mtambaji anasema paukwa, tunaitika pakawa, na kuanzia hapo yeye ni sungura, ni fisi, ni simba, ni mwanamke aliyeibiwa mbegu. Habadilishi nguo. Anabadilisha pumzi, urefu wa shingo, mahali macho yanapotua. Ustadi mkubwa zaidi wa mtambaji ni kurudi kuwa yeye mwenyewe katikati ya maneno, amtazame msikilizaji mmoja, kisha azame tena. Kani anafanya hivyo katika kila sentensi ya kisa cha Ford. Sauti tatu zinapishana: bwana, mtafsiri, vibarua. Katikati anabaki Styles, anayejua uzito wa kila neno kwa kila upande.

Na Kani hakuwa anaibuni Ford. Alikuwa amefanya kazi pale. Mwigizaji mwingine angelazimika kutafuta mgongo wa kibarua. Yeye alikuwa ametoka nao kazini.

Sehemu ya pili ya mchezo inabadilisha mchezaji. Mtu mmoja anaingia studio kwa Styles kupigwa picha amtumie mkewe kijijini. Anajitaja kuwa Robert Zwelinzima, lakini jina lake ni Sizwe Banzi. Kitabu chake kina muhuri unaomwamuru aondoke Port Elizabeth ndani ya siku tatu. Kani sasa ni Buntu, mtu aliyempokea Sizwe nyumbani kwake. Usiku wakitoka kunywa wanakuta maiti kichochoroni. Maiti ina kitabu, na kitabu kina kibali cha kutafuta kazi. Buntu anakichukua. Anabandua picha ya marehemu, anabandika ya Sizwe. Tangu hapo Sizwe Banzi amekufa, na Robert anaishi.

Hapo linakuja tukio ambalo kwangu ndilo kiini cha maisha yote ya kazi ya Kani. Sizwe hataki kuacha jina lake. Buntu anambembeleza, kisha anamfanyisha mazoezi. Anakuwa polisi: jina lako nani, namba yako ngapi? Anakuwa karani wa mishahara dirishani. Anakuwa mtu kanisani. Sizwe anakosea, anaanza tena, mpaka namba ya mtu mwingine inatoka mdomoni kama yake. Mwigizaji anamfundisha mtu kuigiza ili asifungwe. Ukiangalia tukio hili huku ukijua kwamba waigizaji wenyewe wamesajiliwa kwa kazi za uongo, unaona kwamba hawakuwa wakionyesha ufundi; walikuwa wakieleza jinsi walivyofika ukumbini usiku ule.

Fugard ameeleza kilichotokea walipoupeleka mchezo New Brighton kwenyewe. Tukio la kile kitabu lilipofika, hadhira haikuweza kukaa kimya. Mtu mmoja alipanda jukwaani kutoa ushauri, wengine wakabishana kwa sauti iwapo Sizwe akichukue au asikichukue. Mchezo ulisimama, mtaa ukajadili sheria iliyowabana wote, kisha mchezo ukaendelea. Huwezi kupata sifa kubwa kuliko hiyo, hata New York.

Tuzo, na baada ya tuzo

New York nayo ilifika. Michezo yote miwili ilipita Royal Court ya London, ikapanda Broadway mwishoni mwa 1974. Mwaka 1975 Kani na Ntshona walipewa tuzo ya Tony ya mwigizaji bora wa kiume, moja kwa wawili. Watoaji waliona wasivyoweza kutenganishwa: mmoja anaongea, mwingine anabeba ukimya ambao maneno yale yanatua juu yake.

Mwigizaji mwenye tuzo hiyo anaweza kubaki ng'ambo. Walirudi. Oktoba 1976, wakati Transkei, eneo ambalo serikali ya ubaguzi iliwatengea Waafrika, inaandaliwa kuwa ile iliyoitwa nchi huru, waliucheza Sizwe Banzi huko huko, katika mji wa Butterworth. Mchezo unaikebehi wazi ndoto ya uhuru wa namna hiyo. Walikamatwa na kuwekwa kizuizini, na kelele za wasanii wa nje zilisaidia kuwatoa. Kani alipigwa na polisi katika miaka hiyo hiyo hadi akapoteza jicho la kushoto. Ukitazama uso wake kwenye filamu, jicho hilo ni la bandia. Nalitaja kwa sababu wapiga picha wa sinema wameupenda uso huo kwa utulivu wake, na ni haki mtazamaji ajue gharama yake.

Mwaka huo huo wa 1976 ulizaa pia nyumba. Siku chache baada ya maasi ya Soweto ya Juni 16, Barney Simon na Mannie Manim walifungua Market Theatre katika soko la zamani la matunda huko Johannesburg. Kani akawa sehemu yake: mwigizaji, mwongozaji, baadaye kiongozi. Mwaka 1989 yeye na Simon walianzisha karakana ya mafunzo, Market Theatre Laboratory, kwa vijana wa mitaa ambao shule za sanaa zilikuwa zimefungwa kwao. Mwaka 2014 ukumbi mkuu wa Market ulipewa jina lake.

Katika miaka ya 1980 mwili wake ulitumika kupima sheria nyingine. Mwaka 1985 alicheza katika Miss Julie, tamthilia ya Strindberg, pamoja na Sandra Prinsloo, mwigizaji Mzungu maarufu wa Kiafrikaans. Kulikuwa na busu jukwaani. Watazamaji waliinuka na kutoka. Mwaka 1987 Janet Suzman, mzaliwa wa Johannesburg aliyefanya jina Uingereza, alirudi kumwongoza katika Othello pale Market, Joanna Weinberg akiwa Desdemona. Sheria ya kukataza mapenzi kati ya rangi ilikuwa imefutwa miaka miwili tu nyuma. Mwafrika anamshika mkewe Mzungu jukwaani, kila usiku, Johannesburg, nchi ikiwa chini ya hali ya hatari.

Wapo waliolalamikia lafudhi yake. Kiingereza cha Shakespeare kilikuwa kinatoka na Kixhosa ndani yake. Naona walikosea kabisa. Othello ni mgeni Venisi. Anaongea lugha ya mjini kwa uangalifu wa mtu aliyejifunza ukubwani, na Iago, msaidizi wake anayemchukia, anamwangusha kwa wepesi wa mzawa wa lugha. Kwa hilo, lafudhi ile ilikuwa dhahabu.

Kalamu

Hadi hapo Kani alikuwa ametunga pamoja na wengine. Kaka na dada zetu wa jukwaani wengi huishia hapo: sauti ikichoka au mtindo ukibadilika, wanangoja simu. Mwaka 2002, akikaribia miaka 60, aliandika peke yake Nothing but the Truth, akajipa nafasi kuu.

Nyuma ya mchezo kuna kifo. Mdogo wake, mshairi, alipigwa risasi na polisi mwaka 1985 akiwa mazishini. Wakati Tume ya Ukweli na Maridhiano inasikiliza visa vya nchi nzima, Kani alibaki na hasira yake, na akaamua kuiandika. Lakini hakuandika tenzi ya shujaa. Mhusika wake, Sipho Makhaya, ni mkutubi wa New Brighton mwenye miaka 63. Ndugu yake Themba alikwenda uhamishoni London, akawa jina kubwa la mapambano, sasa anarudi akiwa majivu kwenye chombo, ameletwa na binti yake. Sipho alibaki. Alilea, alilipa, alizika, alingojea kupandishwa cheo cha mkutubi mkuu, na mwisho akaambiwa amezeeka. Polepole inafichuka kwamba Themba alimnyang'anya vitu tangu utotoni, na kilichouma kuliko vyote kilikuwa ndani ya nyumba yake.

Huu ndio mchezo ninaowasihi vijana wetu wausome. Nchi zetu nazo zina akina Sipho, watu ambao uhuru uliwapita wakiwa kwenye foleni. Hatuna desturi ya kuwapa jukwaa, tunawapa mashujaa. Kani aliyejulikana kwa maneno ya kasi akajiandikia mtu anayemeza. Sehemu kubwa ya mchezo anajizuia, hata ugomvi unaposogea kooni. Inapofika zamu ya kupasuka, pumzi ya Styles inarudi, ile ya sauti nyingi, ila sasa wote wanaopishana ndani yake ni ndugu wa tumbo moja. Mchezo ulifanywa filamu mwaka 2008, akiiongoza mwenyewe.

Skrini imemtumia wapi

Nitasema wazi ninavyoona: sinema haijamtumia John Kani hata nusu. Orodha ni ndefu. The Wild Geese mwaka 1978 pamoja na Ntshona, A Dry White Season mwaka 1989, mwalimu mkuu katika Sarafina! mwaka 1992, Oliver Tambo katika Endgame, jemadari Cominius katika Coriolanus ya mwaka 2011. Nyingi ni nafasi za mzee, mfalme, mshauri, mtu anayeingia kutoa uzito kisha anatoka. Heshima ni kubwa, nafasi ni finyu.

Mfano ulio karibu nasi ni The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996, filamu ya simba wa Tsavo waliowala wajenzi wa reli ya Uganda mwaka 1898. Ilipigwa Afrika Kusini, mbali na daraja lenyewe. Kani ni Samuel, msaidizi wa wakuu wa kazi, na ndiye sauti inayosimulia. Wazungu wawili wanapewa bunduki na hofu zao za ndani. Samuel anapewa kujua kila kitu na kutosemwa chochote juu yake. Hata hivyo sikiliza usimulizi wake. Mtambaji yule wa 1972 yupo, anapanga wakati wa kukutisha kwa kuvuta tu neno.

Mwaka 2016 alikuwa T'Chaka, mfalme wa Wakanda, katika Captain America: Civil War. Nafasi ilikuwa ya dakika chache. Kani alipendekeza mfalme na mwanawe, Chadwick Boseman, wazungumze Kixhosa. Wakakubali, na kwa hilo Kixhosa kikawa lugha ya Wakanda katika filamu zilizofuata, kikasikika katika kumbi za dunia nzima. Miaka miwili baadaye, Black Panther ilipohitaji T'Chaka akiwa kijana, alichezwa na Atandwa Kani, mwanawe wa kumzaa. Mtafsiri wa Ford alikuwa akiipitisha lugha yake chini ya pua ya bwana. Safari hii aliipitisha mbele, mchana kweupe, na bwana akalipa gharama.

Kisha Rafiki. Katika The Lion King ya mwaka 2019 na Mufasa ya mwaka 2024 hatumwoni kabisa, tunasikia sauti. Kwa sisi tuliozoea kuona maneno yetu yakipewa wanyama wa katuni na kutamkwa vyovyote, kusikia jina hilo likibebwa na Mwafrika mwenye uzee halisi kooni ni jambo dogo lenye raha yake.

Ntshona

Uchambuzi wa kazi ndefu unahitaji mtu wa kulinganisha naye, na hapa yupo aliyekamilika: mtaa mmoja, shule moja, kikundi kimoja, tuzo moja. Winston Ntshona alifariki mwaka 2018. Alicheza filamu, na wawili hao walirudia michezo yao mikubwa wakiwa na mvi, The Island katika National Theatre ya London mwaka 2000, Sizwe Banzi miaka kadhaa baadaye. Lakini nje ya Afrika Kusini jina lake halijulikani kama la mwenzake, wala si kwa upungufu wa kipaji. Anayemcheza Sizwe vizuri ana kazi ngumu kuliko anayemcheza Styles: asionekane anafanya kitu.

Naona tofauti mbili. Kani alijifunga na nyumba, Market, ambako kila miaka michache kulikuwa na kazi ya kufanya hata simu isipolia. Na Kani aliandika. Ustadi wa Ntshona ulikuwa wa kupokea, nao unahitaji mtu wa kukupa. Ustadi wa Kani ulikuwa wa kujaza jukwaa tupu, na jukwaa tupu halikosekani popote.

Juliasi Kaizari kwa Kixhosa

Kani amesimulia mara nyingi kwamba Shakespeare alikutana naye shuleni kwa Kixhosa, katika tafsiri ya B. B. Mdledle ya Julius Caesar, na kwamba alipokuja kuisoma kwa Kiingereza aliona uzuri wa Mdledle haumo. Sisi tuliosoma Juliasi Kaizari ya Mwalimu Nyerere kabla ya ile ya Mwingereza tunajua anachosema. Mtu anayemfikia Shakespeare kupitia lugha ya mama haji kwake kwa magoti.

Machi 2019, Stratford, mji alikozaliwa Shakespeare mwenyewe, Kani alifungua mchezo aliouandika uitwao Kunene and the King. Wahusika ni wawili. Jack Morris ni mwigizaji Mzungu anayekufa kwa saratani ya ini huku akijiandaa kumcheza Mfalme Lear. Lunga Kunene ni muuguzi Mwafrika anayetumwa kumhudumia nyumbani. Jack alikuwa Antony Sher, mzaliwa wa Cape Town. Wawili hao walishacheza pamoja mwaka 2009 The Tempest, Kani akiwa Caliban. Lunga anamwambia mgonjwa wake kwamba anamjua Shakespeare mmoja tu, yule wa shuleni, wa Kixhosa. Hotuba ya Antoni juu ya maiti ya Kaizari inaanza kutoka, Mzungu kwa Kiingereza, Mwafrika kwa lugha yake, chumbani kwa mgonjwa, miaka 25 baada ya uchaguzi wa kwanza wa watu wote.

Mchezo ulihamia London mwanzoni mwa 2020, janga la korona likaufunga. Sher alifariki Desemba 2021, kwa saratani. Mwanzoni mwa 2025 Kani alikuwa Washington, amepita miaka 80, anaucheza tena mchezo ule ule na mwigizaji mwingine, Edward Gero, kitandani alipolala Sher. Machi mwaka huo Fugard naye akafariki. Kati ya watatu waliofungiana chumbani na picha ya mtu mwenye sigara na kiko, alibaki yule wa koti jeupe. Nalo zamu hii lilikuwa la muuguzi.